Namna ya Kuandika Wasifu wa Jaji wa Rufani wa Marekani: Mfano wa William Hastie

Wasifu wa jaji wa mahakama ya rufani ya shirikisho nchini Marekani huharibika kwa urahisi sana, kwa sababu mwandishi hupata orodha ya vyeo na tarehe, akaipanga vizuri, kisha akadhani amemaliza kazi. Katika maelekezo haya nitatumia maisha ya William Henry Hastie, aliyezaliwa Knoxville, Tennessee, tarehe 17 Novemba 1904, ambaye ndiye mtu mweusi wa kwanza kuwa jaji wa mahakama hizo. Maisha yake yanadai mwandishi makini, na ninaamini yanastahili kusimuliwa kwa Kiswahili bila makosa.

Ieleze kwanza mahakama, kisha mtu. Mahakama za rufani za shirikisho, zilizoundwa kwa sheria ya mwaka 1891, leo ni 13: 12 zimegawanywa kwa maeneo, nami naziita kanda kwa kuwa neno hilo tumelizoea katika Mahakama Kuu ya Tanzania, na moja inashughulikia aina maalumu za mashauri kutoka nchi nzima. Hastie alihudumu katika Kanda ya Tatu, yenye makao yake Philadelphia, inayosikiliza rufani kutoka Pennsylvania, New Jersey, Delaware na Visiwa vya Virgin. Msomaji wa Tanzania, ambaye kwake Mahakama ya Rufani ndiyo ya mwisho, aambiwe wazi kwamba Marekani, juu ya mahakama hizi za rufani, ipo Mahakama ya Juu. Msomaji wa Kenya ataelewa upesi, kwa kuwa Katiba ya mwaka 2010 iliweka ngazi ya namna hiyo.

Kisha tafuta tarehe, ukianzia kwenye orodha ya majaji wote wa shirikisho tangu mwaka 1789 inayotunzwa na Kituo cha Mahakama cha Shirikisho. Hapa tenganisha mambo matatu ambayo magazeti huyachanganya, yaani kuteuliwa na Rais, kuthibitishwa na Seneti, na kuanza kazi. Rais Truman alimteua Hastie mwezi Oktoba 1949 wakati Seneti ikiwa mapumzikoni, kwa hiyo uteuzi huo ulikuwa wa muda. Seneti ilimthibitisha Julai 1950, na hapo tu ndipo alipopata ulinzi wa Katiba, kwamba jaji hukaa kazini maadamu mwenendo wake ni mwema na mshahara wake haupunguzwi. Utasoma pia kwamba alikuwa jaji mweusi wa kwanza wa shirikisho tangu mwaka 1937, na hilo ni kweli, kwani Rais Roosevelt alimpeleka Visiwa vya Virgin mwaka huo. Lakini mahakama ile ilikuwa ya eneo lililo chini ya Marekani, na jaji wake alishika kiti kwa muda maalumu. Andika yote mawili na ueleze tofauti yake, la sivyo msomaji ataona tarehe mbili za "mweusi wa kwanza" na kukosa imani nawe.

Ukishapata vyeo, chunguza namna alivyoviacha. Hii ndiyo sehemu ninayoipa uzito kuliko zote. Mwaka 1939 Hastie aliacha kiti cha ujaji ili awe mkuu wa kitivo cha sheria katika Chuo Kikuu cha Howard, mahali ambapo pamoja na binamu yake, mwanasheria Charles Hamilton Houston, alikuwa amemfundisha Thurgood Marshall, aliyekuja kuwa jaji mweusi wa kwanza wa Mahakama ya Juu. Mwaka 1940 akawa msaidizi wa Henry Stimson, Waziri wa Vita, akishughulikia masuala ya askari weusi, na Januari 1943 akajiuzulu kwa kupinga ubaguzi uliokuwa ukiendelea jeshini, hasa katika mafunzo ya kikosi cha anga. Mtu anayeacha wadhifa mkubwa katikati ya vita kuu, huku akijua kwamba huenda serikali isimwite tena, ametuonyesha tabia yake kuliko cheti chochote cha Harvard, alikosomea sheria. Mwaka uliofuata yeye na Marshall walishinda katika Mahakama ya Juu shauri la Smith dhidi ya Allwright, lililobatilisha uchaguzi wa awali, yaani ule wa kuteua wagombea wa chama, uliokuwa wa weupe watupu huko Texas. Usiyapunguze haya kuwa sentensi moja.

Kuhusu hukumu, kumbuka kwamba rufani kwa kawaida husikilizwa na jopo la majaji watatu, na ushahidi mpya haupokelewi. Kwa hiyo soma kwanza uamuzi wa mahakama ya chini, ndipo uelewe jopo lilikuwa linasahihisha nini. Tazama jina lililo juu ya hukumu. Jaji aliyekubaliana tu na mwenzake asibebeshwe maneno ambayo hakuyaandika, na hukumu iliyotolewa kwa jina la mahakama nzima, bila kutaja mwandishi, isihusishwe na mmoja wao. Hukumu za kupinga zisome polepole, kwa kuwa huko jaji huandika bila kulazimika kuwaridhisha wenzake, kisha fuatilia Mahakama ya Juu ilisema nini baadaye.

Usiache lile ambalo hakulipata: mwaka 1962 jina la Hastie lilifikiriwa kwa kiti cha Mahakama ya Juu, nacho kikaenda kwa Byron White.

Mwisho, chunga maneno. Kuanzia 1968 hadi 1971 aliongoza Kanda ya Tatu, wadhifa unaofuata ukongwe kazini na mipaka ya umri, wala si uteuzi wa Rais. Ukimwita "Jaji Mkuu" bila kutaja kanda, wengi watadhani aliongoza mahakama za nchi nzima. Mwaka 1971 aliingia hadhi ya jaji mwandamizi, ambayo humpunguzia jaji mzigo bila kumwondolea ujaji. Kwa hiyo usiandike kwamba alistaafu; utumishi wake ulikoma alipofariki, tarehe 14 Aprili 1976.