Jinsi ya Kusajili Amri ya Malezi ya Mtoto Unapohamia Jimbo Jingine Marekani

Mmeachana mkiwa Houston, mahakama ya Texas ikakupa malezi ya watoto, kisha kazi ikakupeleka California. Amri ile inabaki na nguvu. Majimbo yote isipokuwa Massachusetts yanafuata sheria ya mfano ya mwaka 1997 kuhusu mahakama ya jimbo gani iamue malezi ya mtoto na amri hiyo itekelezwe vipi, maarufu kama UCCJEA, na sheria ya shirikisho ya 1980 inalitaka kila jimbo liheshimu amri halali ya jimbo lenzake. Tatizo ni kwamba askari wa Sacramento anayeonyeshwa karatasi ya Texas saa tatu usiku huenda akasita. Ndiyo maana ni heri uisajili mapema, kabla ugomvi haujazuka.

Anza kwa karani wa mahakama iliyotoa amri. Omba nakala iliyothibitishwa, yenye muhuri. Picha ya simu haitakubaliwa. Utawasilisha nakala mbili, mojawapo iwe hiyo ya muhuri. Kama amri iliwahi kurekebishwa, chukua na marekebisho.

Kisha jaza maombi. California hutumia fomu FL-580. Majimbo mengine yana fomu zao, au barua ya kuomba usajili. Humo utatamka, ukijua kuwa ukidanganya utaadhibiwa kwa kiapo cha uongo, kwamba kwa ufahamu wako amri haijabadilishwa. Utaandika pia majina na anwani: yako, na ya mzazi yeyote aliyepewa malezi au haki ya kumtembelea mtoto. Hapa tulia. Karatasi hizi zitamfikia mwenzako. Ikiwa ulikimbia kipigo, mwulize karani namna ya kuficha anwani kabla hujakabidhi chochote, kwa sababu ikishamfikia huwezi kuirudisha.

Peleka maombi kwenye mahakama ya kaunti. Kuna ada; asiyeimudu aombe kusamehewa ada hiyo, kwa California ni fomu FW-001.

Mzazi wa pili lazima apewe taarifa. Mwulize karani ni nani anayeipeleka, mahakama au wewe. Akishaipata ana siku 20 za kuomba kusikilizwa, na hoja zinazokubalika ni tatu tu: mahakama ya kwanza haikuwa na mamlaka; amri imefutwa, imesimamishwa au imebadilishwa; au yeye hakupewa taarifa ya kesi ile ingawa alistahili. Kwamba sasa ana nyumba kubwa, au ameoa upya, si hoja. Akinyamaza, usajili unathibitika.

Sasa jambo linalowachanganya wengi: kusajili si kubadilisha. Utasikia watu wakisema, "Kaa miezi sita tu, kesi itahamia huku." Sivyo. Miezi sita hutumika kujua jimbo la nyumbani la mtoto, yaani lile ambalo mahakama yake itasikiliza kesi, pale kesi inapofunguliwa mara ya kwanza. Texas ikishatoa amri, na baba bado anaishi huko, mamlaka ya kuibadilisha yanabaki Texas mpaka mahakama yake yenyewe iyaachie. California itaitekeleza tu. Mtoto akiwa hatarini, akipigwa au akitelekezwa, jaji wa California anaweza kutoa amri ya dharura, lakini ni ya muda.

Amri ya Mahakama ya Watoto ya Dar es Salaam au Nairobi nayo inaweza kusajiliwa, maana sheria hii huitazama nchi ya kigeni kama jimbo. Jaji ataangalia kama mahakama ile ilikuwa na mamlaka kwa vigezo vinavyofanana na vya Marekani, kwa mfano mtoto alikuwa akiishi huko, na kama pande zote mbili zilipewa taarifa na nafasi ya kusikilizwa. Atakataa ikiwa sheria ya malezi ya nchi hiyo inavunja misingi ya haki za binadamu. Hukumu iliyoandikwa kwa Kiswahili iambatane na tafsiri ya Kiingereza iliyothibitishwa na mfasiri mwenye sifa. Binamu yako, hata akiwa na Kiingereza cha kutiririka, mwache apumzike.