Kuchagua visawe unapoandika upya maelezo ya gemu ya rali

Binamu yangu ana chumba cha gemu Nakuru, na mimi ndiye ninayemwandikia maelezo ya michezo: mistari mitano sita ya kubandika ukutani na kuwatumia wateja kwenye WhatsApp. Mchezo mmoja huenda nikauandika upya mara tatu kwa mwaka. Nitaonyesha kazi hiyo kwa WRC 9, gemu iliyotoka Septemba 2020 ikiwa na Safari Rally, rali ya Kenya, ndani yake, mwaka ule ule ambao Safari yenyewe ilifutwa kwa sababu ya korona.

Rasimu yangu ya kwanza ilisema: "Katika mchezo huu wa mbio utaendesha gari la mbio kwa kasi. Gari lako litapita magari mengine kwa kasi, litateleza kwenye kona kali na kushinda mbio."

Kabla ya kufungua kamusi, cheza. Kama huwezi, kaa karibu na anayecheza umtazame. Mimi nilikuwa nimeondoa "kupita" nikaweka "kuyaacha nyuma magari mengine", nikadhani nimemaliza. Kumbe kosa lilikuwa kwenye wazo lenyewe. Katika rali magari huondoka moja moja na kushindana na saa. Mchezaji hana gari la kupita. Neno lililofaa ni "kupiku", kwa sababu unaweza kumpiku hata mtu usiyemwona, tena kwa nusu sekunde. "Kupita" na "kutangulia" nayaweka akiba kwa gemu kama Gran Turismo, ambako magari hukimbia pamoja.

Halafu kuna "kasi", ambalo waandishi wengi hulibadilisha na "haraka" au "upesi" bila kufikiri. Kasi hupimwa: gari lina kasi ya kilomita 160 kwa saa. Huwezi kusema "haraka ya kilomita 160". Haraka ni ya mtu, kwa mfano dereva anayeamua haraka akate kona vipi. Na mara nyingi dawa si kutafuta kielezi kingine bali kitenzi kilichobeba kasi ndani yake. Gari hufyatuka pale linapoanzia. Huchomoka kwenye kona. Dereva hukanyaga mafuta. Ukishaandika hivyo, "kwa kasi" inaondoka yenyewe na sentensi inapumua.

Kuhusu "kuteleza" nilisahihishwa na mjomba, fundi wa magari anayeifuata Safari tangu ujana wake. Nilipomsomea alinikatiza: "Mwanangu, gari likiteleza, dereva hakutaka. Likiserereka, amelitaka mwenyewe. Ameshaelekeza usukani anakojua." Tangu siku hiyo nayatenganisha hivyo, na ajali vilevile. Kugonga ni kugusana kwa kishindo, kuparamia ni kulipanda jiwe au tuta, kupinduka ni mara moja, kubingiria ni kupinduka tena na tena hadi gari litulie.

Hapa ndipo wengi hujikwaa: ukibadili nomino, badili na ngeli. "Gari lako jekundu limechomoka" likigeuka ndinga, andika "ndinga yako nyekundu imechomoka". Likiwa mkoko, "mkoko wako mwekundu umechomoka". Nimeona maandishi mengi ambamo neno limebadilishwa na viambishi vikaachwa vya zamani, na msomaji hujua papo hapo kwamba mwandishi hakurudi kusoma. Mimi husoma kwa sauti.

Kuna maneno ya kuacha kama yalivyo. Majina ya mikondo ya Safari, yaani vipande vya njia ambavyo magari hupimwa kwa saa, kama Kedong na Sleeping Warrior, hayana visawe. Mwelekezi, yule anayemsomea dereva njia, usimwite msaidizi, maana kazi yake itapotea. Na "kona" ibaki kona. Rafiki alinitumia maelezo aliyoyapitisha kwenye programu ya kubadili maneno, na "kona kali" ilikuwa imegeuka "pembe chungu". Programu haijui kwamba ukali wa kona si ule wa dawa.

Maelezo yaliyo ukutani sasa ni haya:

"WRC 9: mbio za magari hadi Naivasha. Msikilize mwelekezi wako, kwa sababu vumbi litaficha kona mpaka uifikie. Fyatuka, kanyaga mafuta, serereka pale njia inapopanuka. Ukiparamia jiwe, gari lako litakwenda likiyumba hadi mwisho wa mkondo. Mbele yako hakuna mtu. Mpinzani wako ameshapita, na njia ya kumpiku ni saa."

"Mbio" limebaki mara moja, kwenye mstari wa kwanza. Nilijaribu "mashindano" hapo, nikalirudisha: mtoto wa darasa la nne akipita mlangoni, "mbio za magari" ndilo analolisoma na kusimama.