Ukisimamishwa kwenye orodha ya wakandarasi wa serikali, tunza bahasha

Barua ya kunisimamisha ilikuwa na aya 2 tu. Tarehe yake ilitangulia muhuri wa posta kwa siku 11, na bahasha ile, iliyoonyesha barua ilitumwa lini hasa, ilinisaidia kuliko maneno yangu yote. Muda wa kuomba mapitio ya mahakama, yaani jaji akague uamuzi wa ofisi ya serikali, kwa kawaida ni mfupi, kwa hiyo mwone wakili siku hiyohiyo.

Kisha isome barua ukitafuta kisichokuwemo. Uliitwa kujieleza kabla? Sababu zimetajwa? Kifungu cha sheria kinachoipa ofisi hiyo mamlaka kipo? Kesi yako iko hapo. Mimi nilitaka kumwonyesha jaji vipimo vya zege langu. Wakili akanizuia, na alikuwa sahihi kabisa. Mahakama haipimi zege, inapima kama uamuzi ulifuata sheria na haki ya kusikilizwa.

Kama kuna rufaa ndani ya ofisi husika, ipitie kwanza. Omba pia amri ya kusitisha utekelezaji, ukiambatisha matangazo ya zabuni zinazokaribia kufungwa, maana hasara lazima ionekane kwenye karatasi.

Ukishinda, mara nyingi suala hurudishwa kwa ofisi hiyo lisikilizwe upya. Vipimo vya zege viweke tayari kwa siku hiyo.