Kuorodhesha makaburi na mahali pa matambiko kabla bomba la mafuta halijafika

Ijumaa, tarehe 2 Septemba 2016, Wasioux, wenyeji asilia wa Standing Rock, North Dakota, Marekani, waliwasilisha mahakamani maelezo ya makaburi waliyoyatambua kwenye njia ya bomba la Dakota Access. Kesho yake matingatinga yakapita eneo hilohilo. Ninyi mlio kwenye njia ya bomba msisubiri hivyo: anzeni siku kigingi cha kwanza cha wapimaji kinapochomekwa, na orodha ifike mahakamani siku moja na ombi la zuio la muda.

Tembeeni na wazee wa koo tofauti wakati wa kiangazi, nyasi zikiwa fupi. Kila kaburi liandikiwe ukoo, alama yake (lundo la mawe, mti) na anayelitunza. Pigeni picha mbili: ya mbali inayoonyesha mlima au mbuyu usiohama, na ya karibu yenye fimbo ya mita moja.

Kwenye vipimo ndipo kesi inapoweza kupotea. Simu ikae mahali pa wazi dakika mbili kabla ya kusoma nukta ya GPS (namba za latitudo na longitudo), na mwandike tarakimu tano baada ya desimali. Ramani za zamani za Tanzania zinatumia mfumo wa kupimia mahali uitwao Arc 1960; simu inatumia mwingine, WGS 84. Mkichanganya, kaburi linasogea karibu mita 300. Ukanda wa bomba la mafuta la Hoima, Uganda, hadi Tanga una upana wa mita 30 tu, kwa hiyo kwenye makaratasi kaburi litakuwa nje ya mradi huku tingatinga likiwa juu yake. Andikeni jina la mfumo kwenye kila ukurasa.

Picha ikitumwa WhatsApp kwa kawaida hupoteza taarifa za mahali ilipopigwa. Itumeni kama dokumenti, na ile ya asili msiifute.

Mahali pa tambiko pasipoingiwa na wageni msipaweke nukta. Choreni duara kubwa, patakatifu pawe ndani yake pembeni, si katikati. Wazee waachwe watunze siri yao.

Orodha isomwe kwenye mkutano mkuu wa kijiji, iingie kwenye muhtasari wenye mahudhurio na muhuri wa mtendaji. Fomu ya uthamini (ya kukadiria fidia) iliyoachwa nafasi wazi au kujazwa kwa penseli msisaini kabisa. Tarakimu hubadilika baadaye.

Mkiamua kuandamana, taarifa ya maandishi ifike polisi angalau saa 48 kabla. Nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa abaki nayo mtu ambaye hatakuwepo kwenye maandamano.