Jinsi ya kusimba magonjwa ya zinaa kwa mjamzito na mama aliyejifungua

Kusimba ni kugeuza utambuzi ulioandikwa kwenye jalada la mgonjwa kuwa misimbo ya herufi na tarakimu. Mwongozo huu unafuata ICD-10-CM, toleo la orodha ya kimataifa ya misimbo ya magonjwa linalotumika Marekani, kwa sababu ndilo linalodai maelezo mengi zaidi. Anayetumia ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani atakuta kundi lilelile la O98, yaani la maambukizi ya mama mjamzito na aliyejifungua, ila misimbo yake ni mifupi na haitaji umri wa mimba. Kitabu cha ICD-10-CM hubadilika kila tarehe 1 Oktoba, kwa hiyo tumia cha kipindi ambacho mama alihudumiwa, hata kama unasimba miezi kadhaa baadaye.

Hatua ya 1: Soma jalada lote kwanza

Tafuta mambo matatu: ugonjwa aliouandika daktari au mkunga, umri wa mimba kwa wiki na siku, na kama mama amejifungua katika matibabu haya haya. Usianzie kwenye karatasi ya maabara. Baadhi ya vipimo vya kaswende huendelea kuonyesha chanya kwa miaka mingi, hata maisha yote, baada ya mtu kutibiwa na kupona. Ukisimba kwa kuangalia neno "chanya" tu, unambandika mama ugonjwa ambao hana tena, na maandishi hayo yatamfuata kila anakokwenda kutibiwa.

Jalada likiwa na utata, muulize daktari kwa maandishi, bila kumwekea jibu mdomoni. Mimi huandika hivi: "Kipimo cha kaswende ni chanya na sindano imetolewa. Tafadhali andika utambuzi: kaswende ya sasa na hatua iliyofikia, kaswende iliyokwisha kutibiwa, au vinginevyo." Akijibu kwamba ilitibiwa zamani na imekwisha, hiyo ni historia, Z86.19, wala haiingii O98.

Kwa mgonjwa wa nje, "inawezekana ni kisonono" haisimbwi kama kisonono. Simba dalili zilizomleta. Kwa aliyelazwa, kanuni huruhusu kusimba utambuzi ambao bado haujathibitika wakati wa kuruhusiwa, isipokuwa magonjwa machache, VVU vikiwemo. VVU husimbwa pale tu vilipothibitishwa, awe amelazwa au la, na kauli ya daktari kwamba mgonjwa anaishi na VVU inatosha kuwa uthibitisho.

Hatua ya 2: Anza na O98

Misimbo ya sura ya 15, yaani ya ujauzito na uzazi, hutangulia ya sura nyingine. Ukianza na A54 kwa mjamzito mwenye kisonono umekosea mpangilio, hata kama ugonjwa wenyewe umeutaja sawasawa. Ni daktari peke yake anayeweza kuandika kwamba mimba haihusiani na tatizo lililotibiwa, na hapo ndipo Z33.1 hutumika. Msimbaji haamui hilo.

Kaswende ni O98.1, kisonono O98.2, homa ya ini ya virusi O98.4, VVU O98.7. Klamidia, trikomona, malengelenge ya sehemu za siri na masundosundo yote huenda O98.3. Malengelenge huwachanganya wengi: kwa kuwa ni virusi, mkono unakimbilia O98.5 ya magonjwa mengine ya virusi. Yakiwa ya sehemu za siri, mahali pake ni O98.3. Fangasi wa ukeni si ugonjwa wa zinaa katika mpangilio huu. Wao huenda O98.8.

Hatua ya 3: Weka wakati

Tarakimu ya tano, ukihesabu pamoja na herufi O, husema mama yuko wapi katika safari ya uzazi: 1 ni mjamzito, 2 ni kujifungua, 3 ni baada ya kujifungua, yaani hadi wiki 6. Akiwa mjamzito unaongeza tarakimu ya sita: 1 kabla ya kutimiza wiki 14, 2 kuanzia wiki 14 kamili hadi kabla ya wiki 28 kamili, 3 kuanzia wiki 28 hadi kujifungua. Tarakimu 9, ya kipindi kisichojulikana, iwe nadra sana. Umri wa mimba karibu kila mara umeandikwa mahali fulani, hata kama ni kwenye ripoti ya ultrasaundi tu.

Mama akilazwa muda mrefu na kuvuka kipindi kimoja, hesabu kipindi ambacho tatizo lilijitokeza, si siku aliyoruhusiwa. Kama aliingia nalo, tumia kipindi cha siku aliyolazwa. Lakini akijifungua katika kulazwa huko huko, chagua tarakimu ya kujifungua.

Hatua ya 4: Taja ugonjwa wenyewe

O98 inaeleza aina ya maambukizi, lakini haisemi yamefika hatua gani. Ongeza msimbo wa sura ya 1, ya magonjwa ya kuambukiza: A51 hadi A53 kwa kaswende, A54 kisonono, A56 klamidia, A59 trikomona, A60 malengelenge, A63.0 masundosundo. Homa ya ini B sugu ni B18.1. Kwa VVU, mama asiye na dalili hupewa Z21. Aliyewahi kuugua ugonjwa unaotokana na VVU hupewa B20, na akishapewa B20 harudi Z21 hata akipata nafuu kabisa.

Malizia na Z3A kwa wiki za mimba. Chukua mama wa wiki 22 ambaye daktari ameandika kaswende ya awali isiyo na dalili: O98.112, kisha A51.5, kisha Z3A.22. Z3A haitumiki baada ya kujifungua.

Hatua ya 5: Siku ya kujifungua

Mama huyo huyo akijifungua mtoto mmoja hai katika wiki ya 39 akiwa bado na ugonjwa, ni O98.12, A51.5, Z37.0 (mtoto mmoja hai) na Z3A.39. Usiweke O80, msimbo wa kujifungua bila matatizo, hata kama amejifungua kwa njia ya kawaida bila shida yoyote: O80 haikai pamoja na msimbo mwingine wa sura ya 15.

Hatua ya 6: Jalada la mtoto

O98 haiingii kamwe kwenye jalada la mtoto. Kaswende aliyozaliwa nayo ni A50. Macho yaliyoambukizwa kisonono ni A54.31, na yaliyoambukizwa klamidia ni P39.1. Aliyechunguzwa kwa shaka ya maambukizi na kuonekana hana ni Z05.1.

Kwa mtoto wa mama anayeishi na VVU, kuwa makini zaidi. Kingamwili za mama huvuka kondo na zinaweza kubaki kwenye damu ya mtoto hadi karibu miezi 18, kwa hiyo kipimo cha kingamwili kilicho chanya katika umri huo hakithibitishi kwamba ameambukizwa. Majibu ya aina hiyo husimbwa R75, na aliyekuwa hatarini tu ni Z20.6. Z21 au B20 husubiri daktari aandike kwamba kipimo cha kutafuta virusi vyenyewe kimethibitisha maambukizi.