Mtoto yuko kwa nyanya na mzazi anamtaka: uanzie wapi?

Kesi hizi zinafanana, uwe Nakuru au Kisumu. Mama alienda Saudia kufanya kazi, akamwacha mtoto kwa nyanya, na sasa amerudi. Au mama amefariki na wajomba wanamwambia baba, "Mahari hukulipa, mtoto habanduki hapa." Nimeandika nikimlenga mzazi, ila nyanya naye asome, yake yamo.

1. Usimnyakue. Kumvizia mtoto langoni mwa shule na kumpakia kwenye boda ni kumpa mwenzako kesi. Hata kama wewe ndiwe mzazi, hakimu atauliza mtoto alilala vipi usiku huo.

2. Kusanya karatasi. Cheti cha kuzaliwa, cheti cha kifo ikiwa mzazi mmoja hayupo, risiti za karo, kadi ya kliniki. Meseji za M-Pesa ulizokuwa ukituma nyumbani usizifute kamwe. Mzazi aliyekuwa mbali hana ushahidi mwingine mzuri kama huo.

3. Nenda kwa afisa wa watoto wa kaunti ndogo anakoishi mtoto. Wengi huanzia kwa chifu, na si vibaya, chifu anazijua familia zote mbili. Lakini chifu hapangi mtoto aishi na nani. Barua yake haina nguvu ya amri ya korti. Afisa wa watoto atawaita pande zote. Nendeni na mzee mmoja mmoja, si ukoo mzima, maana wakijaa shangazi humo ofisini hakuna kitakachosikika. Mkielewana, andikeni yote: nani anaishi naye, nani analipa karo, likizo ni ya nani.

4. Ikishindikana, Mahakama ya Watoto. Katiba, kifungu cha 53, inaweka maslahi ya mtoto mbele ya kila kitu, na Sheria ya Watoto ya 2022 inasema vivyo hivyo. Korti haishindanishi ukoo na ukoo. Inatazama mtoto amezoea nani, yuko na ndugu zake au ametenganishwa nao, anasoma wapi, kuna madhara yanayomkabili, na yeye mwenyewe, akiwa na umri wa kujieleza, anataka nini. Mara nyingi afisa wa watoto hutumwa kutembelea nyumba zote mbili na kuandika ripoti. Ripoti hiyo ina uzito kuliko maneno yako, kwa hiyo usimfungie mlango.

Huna pesa za wakili? Huduma ya Taifa ya Msaada wa Kisheria ipo, na FIDA Kenya, shirika la mawakili wanawake, wana ofisi Kisumu inayosaidia kina mama.

Maswali ya wanachama

*Ahero: Mahari sikulipa, na mke wangu amefariki. Nina haki?*
Unayo. Wajibu wa baba na mama ni sawa, wawe walioana au la. Korti inaweza kusikiliza mila, lakini mila ni jambo moja kati ya mengi, na haiwezi kupita Katiba. Ukitaka kulipa mahari, lipa kwa heshima ya wakwe. Hiyo si tiketi ya kumchukua mtoto.

*Molo: Mimi ni nyanya. Nimemlea tangu ananyonya, mama yake hakutuma hata shilingi. Nitasikilizwa?*
Ndiyo, mama. Asiye mzazi anaweza kuomba malezi akionyesha sababu. Mwite mwalimu wake na jirani watoe ushahidi. Hata ukikosa malezi, omba siku za kumwona.

*Bungoma: Mamangu anataka nirudishe gharama zote ndipo amwachilie mtoto.*
Mtoto hawekwi rehani. Ila mama yako amechoka, na huenda shukrani hajawahi kuisikia. Ongeeni hayo ya pesa kando, tena kabla ya kuingia kwa afisa. Nimeona kesi nyingi zikiishia hapo.