Kabla wageni wa Desemba hawajafika, mtengee mbwa fungu lake

Ikifika katikati ya Desemba, magari kutoka Dar es Salaam huanza kupanda mlima Kilimanjaro kuelekea Marangu, Machame na Rombo. Nyumba ambayo mwaka mzima ilikuwa na bibi na kijana wa kukata majani ya ng'ombe hujaa watu thelathini. Mbuzi anachinjwa, ndizi zinamenywa, mbege, pombe yetu ya ndizi, inakorogwa. Mbwa wa nyumbani, aliyezoea ugali wa pumba na dagaa jioni, anajikuta kwa wiki nzima anakula chakula cha kila mtu.

Kwetu mbwa aliugua siku tatu baada ya sikukuu moja ya namna hiyo. Hakuweza kunyanyuka, ufizi wake ulikuwa mweupe kama karatasi na mkojo una rangi ya chai ya rangi. Daktari wa mifugo aliuliza swali moja tu la kwanza: "Mlimpa nini?" Hakuna aliyeweza kujibu, kwa sababu kila mmoja alimpa kidogo. Shangazi alimwagia mchuzi wa machalari, yaani ndizi na nyama, watoto wakampa pilau, mwingine akamsukumia sahani yenye kachumbari. Alipona, lakini ilichukua wiki kadhaa. Tangu hapo jambo hili nalishughulikia kabla wageni hawajafika, maana siku yenyewe hakuna mwenye nafasi ya kumwangalia mbwa.

Anza na kitunguu, kwa sababu kimo karibu katika kila sufuria yetu. Kitunguu maji, kitunguu saumu na majani ya vitunguu vina kemikali zinazoharibu chembe nyekundu za damu ya mbwa hadi zinapasuka. Kukikaanga hakusaidii, kukichemsha hakusaidii, na unga wa kitunguu saumu wa kwenye kopo una nguvu kuliko kitunguu kibichi kwa uzito uleule. Gramu 15 za kitunguu kwa kila kilo ya uzito wa mbwa zinatosha kuleta madhara. Mbwa wa kilo 15 anafikia hapo kwa vitunguu viwili au vitatu vya kawaida, na mapishi ya watu thelathini hula kilo nzima. Tena si lazima avile kwa mkupuo mmoja: kidogo leo na kidogo kesho hujumlishana. Kinachowapoteza watu ni kwamba dalili hazionekani siku ile ile. Huja baada ya siku moja hadi kadhaa, wakati sherehe imekwisha na nusu ya wageni wamesharudi mjini, na hakuna anayekumbuka sahani ile.

Kwa hiyo namna bora niliyoiona ni kumtolea mbwa fungu lake kabla kitunguu hakijaingia chunguni. Nyama ikishachemka na maji yake tu, chota vipande vyake weka pembeni. Wali utoe kabla ya kuungwa. Ndizi za kuchemsha, viazi vitamu, boga na karoti vyote vinamfaa vikiwa vitupu, na yai lililochemshwa pia. Maharage yanafaa yakiiva kabisa bila kuungwa. Mabichi au yaliyoiva nusu yana sumu yake, hata kwa binadamu. Dagaa waoshe chumvi kwanza. Papai na tikiti maji mpe bila mbegu. Muhogo mbichi usimpe. Mwambie anayepika mapema, na mpe bakuli lenye kifuniko kwa kazi hiyo, la sivyo atasahau, na hutamlaumu mtu mwenye masufuria manne motoni.

Mifupa ndiyo inayoleta ubishi, kwa sababu tumekua tukiona mbwa akirushiwa mifupa. Mfupa uliopikwa hukauka na kuvunjika kwa ncha kali, hasa wa kuku na mbavu za mbuzi. Unaweza kukwama kooni au kutoboa utumbo, na utumbo uliotobolewa unahitaji upasuaji ambao huku mlimani si rahisi kuupata usiku wa Krismasi. Weka ndoo yenye mfuniko karibu na meza, iwepo kabla chakula hakijapakuliwa. Wazee nao waambiwe, kwa adabu, na mapema: "Shikamoo baba mkubwa. Mifupa naomba tuitie kwenye ndoo hii, mbwa aliumwa sana mwaka ule." Mzee akielezwa sababu huwa mlinzi mzuri kuliko vijana. Mafuta ya kitimoto na ngozi ya kuku navyo viingie ndooni, kwani mafuta mengi kwa mara moja huweza kuvimbisha kongosho la mbwa, akatapika na kujikunja kwa maumivu ya tumbo.

Siku ya kuchinja ina jambo lake, na hili linawahusu watu zaidi hata ya mbwa. Mapafu na ini la mbuzi au kondoo wakati mwingine huwa na vifuko vya maji. Ndani yake mna tegu mdogo ambaye hukomaa kwenye utumbo wa mbwa, kisha mayai yake hutoka na kinyesi, hushika kwenye manyoya, na mtoto anayecheza na mbwa bila kunawa huyameza. Kwa binadamu tegu huyo huota vifuko hivyohivyo kwenye ini au mapafu, vikakua polepole kwa miaka. Turkana, kaskazini mwa Kenya, ni mojawapo ya sehemu zilizojulikana duniani kwa kuumizwa sana na ugonjwa huu, kwa sababu mbwa na familia huishi karibu mno huku mizoga na matumbo ya mifugo yakiachwa wazi. Basi kabla kisu hakijanolewa, amua nani atafunga mbwa, na chimba shimo refu la kufukia vilivyo na vifuko. Ukitaka kumpa matumbo na mapafu, chemsha kwa nusu saa au zaidi. Dawa ya minyoo apewe mapema, na muulize daktari iwe inayoua tegu, maana si zote zinazomuua.

Sasa fungua stoo, kwa sababu kuna sumu inayoua mbwa polepole huku tukidhani tunamlisha. Unga ulioingia unyevu, wenye harufu ya ukungu, watu hawaupiki wao, wanasema "wa mbwa huo." Mahindi yenye kuvu hubeba sumukuvu, na mbwa ni katika wanyama wanaodhurika nayo kwa urahisi sana. Huharibu ini: mbwa anaacha kula, anakonda, macho na ufizi vinageuka manjano. Kupika ugali hakuiondoi. Mwaka 2004 mashariki mwa Kenya, huko Makueni na Kitui, watu 317 waliugua kwa mahindi ya namna hiyo na 125 wakafa. Mwaka 2016 ikaua watu Dodoma na Manyara. Sumu inayomuua mtu kwa kiasi hicho haiwi chakula kwa sababu tu imemwagwa kwenye bakuli la mbwa. Na pumba, ambazo ndizo chakula chake cha kila siku, hubeba sehemu kubwa ya sumukuvu kuliko unga uliokobolewa. Nunua zilizokauka, zihifadhi juu ya mbao na si sakafuni, na zilizovunda fukia. Usiwape kuku wala ng'ombe, maana sumu hiyo hupita hadi kwenye maziwa.

Mbege na machicha yake vifunikwe. Mbwa hunywa kwa utamu, na pombe kidogo kwetu ni nyingi kwake. Donge la maandazi lenye hamira nalo lisiachwe chini: likiingia tumboni linaendelea kuumuka na kutoa kilevi humohumo.

Kisha zawadi za kutoka mjini. Chokoleti ina theobromini, ambayo mwili wa mbwa huiondoa taratibu mno. Gramu 100 za chokoleti ya maziwa zinatosha kumtapisha na kumhangaisha mbwa wa kilo 10, lakini kwa unga wa kakao gramu 10 tu zinatosha, hivyo jamaa wa Kyela wanaoanika kakao uani wawe macho zaidi ya sisi. Baadhi ya bigijii zisizo na sukari zina zailitoli, kitu kinachotiwa kuleta utamu badala ya sukari. Kwenye pakiti jina lake huanza na herufi X, au huandikwa E967. Hushusha sukari ya damu ya mbwa hata ndani ya nusu saa, na ikizidi huua ini. Begi la mgeni lenye bigijii litundikwe juu, lisiwekwe sakafuni.

Zabibu za Dodoma, na zile kavu za kwenye pilau, huweza kuua figo za mbwa, na hakuna kiasi kinachohesabiwa kuwa salama. Kwa miaka mingi sababu haikueleweka, hadi mwaka 2021 madaktari wa kituo cha kusaidia wanyama waliokula sumu, cha ASPCA, shirika la kutetea wanyama huko Marekani, walipoihusisha na asidi ya tataria. Asidi hiyo ndiyo inayoupa ukwaju uchachu wake, na wakaeleza pia mbwa walioharibika figo baada ya kula ukwaju. Kwa hiyo makapi ya juisi ya ukwaju, ambayo kwetu humwagwa tu nje ya mlango wa jiko, sasa nayafukia. Njugu za makadamia kutoka Kenya humlegeza miguu ya nyuma kwa siku moja au mbili. Parachichi lenyewe kwa kawaida halimdhuru sana mbwa. Kokwa ndilo huziba utumbo.

Mwisho wa maandalizi ni siku mbili kabla. Mbebe mbwa, panda naye kwenye mizani, kisha toa uzito wako, kwa sababu daktari atauliza kilo zake kabla ya kutaja dozi. Mpigie daktari wa mifugo umuulize kama atakuwepo tarehe 25, na kama hatakuwepo, nani anashika zamu. Namba ibandike mlangoni kwa maandishi makubwa. Mbwa akila kitu kibaya, chukua pakiti au kipande kilichobaki, tazama saa, piga simu. Usimnyweshe maji ya chumvi ili atapike, maana chumvi nyingi nayo ni sumu, wala mafuta ya kula au maziwa kwa nguvu, kwa sababu vinaweza kuingia mapafuni. Asubuhi ya sikukuu mlishe fungu lake lote kabla mgeni wa kwanza hajabisha hodi, mwachie maji ya kutosha, na umfunge nyuma ya nyumba penye kivuli hadi sahani zote zioshwe.